Pier Paolo Pasolini, Mwongozaji wa Futuhi Aliyetafuta Tanzia Tanzania: Usomaji Kutoka Milima ya Uluguru

1.0 Utangulizi

Barabara kuu ya kutoka Dar es Salaam kwenda Dodoma hupita Morogoro, chini ya Milima ya Uluguru. Mwishoni mwa miaka ya 1960, mshairi na mwongozaji wa filamu kutoka Italia, Pier Paolo Pasolini, alikuja Afrika Mashariki na kamera akitafuta nyuso na mandhari za filamu aliyokusudia kuitengeneza kutokana na Oresteia, mfululizo wa tamthilia tatu za Aeschylus zilizooneshwa Athens mwaka 458 kabla ya Kristo. Filamu hiyo kamili haikutengenezwa. Kilichobaki ni picha za maandalizi, ambazo Pasolini aliziunganisha na kuzitolea maelezo kwa sauti yake mwenyewe, zikaitwa Appunti per un'Orestiade africana (1970), yaani "Dondoo za Oresteia ya Kiafrika". Ndani yake tunaiona Kigoma, Dar es Salaam na Dodoma za miaka michache baada ya Azimio la Arusha.

Makala hii inafafanua maisha na kazi za Pasolini kwa kuitazama filamu hiyo kutoka Morogoro. Mkabala wake unatofautiana kidogo na ule uliozoeleka. Pasolini hutambulishwa kwa kawaida kama msanii wa tanzia: mtu aliyeongoza filamu za Edipo na Medea, aliyeandika juu ya wanyonge wa pembezoni mwa Roma, na ambaye mwisho wake mwenyewe ulikuwa wa kutisha. Jambo linalosahaulika ni kwamba katika miaka iliyotangulia safari ya Tanzania mtu huyu alikuwa akitengeneza futuhi, tena akimtumia mchekeshaji aliyependwa kuliko wote nchini Italia. Hoja inayojengwa hapa ni kwamba pale ambapo nidhamu ya futuhi inafanya kazi ndani ya Appunti, filamu ina ukweli ambao haujachakaa. Pale Pasolini anapoiweka kando nidhamu hiyo ili aonekane mzito, anateleza, na mahali anapoteleza zaidi ni suala la mama.

Istilahi zinahitaji kauli moja. Wahakiki wa Kiswahili hutumia futuhi, ramsa, komedia na vichekesho kwa mipaka inayoingiliana. Katika makala hii neno futuhi linatumika kwa maana pana ya kazi inayojenga maana yake kwa kicheko, ikiwemo tashtiti, na haijalishi kama inaishia kwa furaha. Tahadhari hiyo ya mwisho ni ya lazima kwa Pasolini, kwa sababu katika futuhi zake watu hufa.

2.0 Lugha ya Mama na Mfungwa wa Kenya

Pasolini alizaliwa Bologna tarehe 5 Machi 1922. Baba yake, Carlo Alberto, alikuwa ofisa wa jeshi. Mama yake, Susanna Colussi, alikuwa mwalimu wa shule ya msingi kutoka Casarsa, mji mdogo wa jimbo la Friuli kaskazini mashariki mwa Italia. Kazi ya baba iliihamisha familia mara kwa mara, na Casarsa kwa mama ndipo palipokuwa mahali pa kurudi kila majira ya joto.

Kitabu chake cha kwanza cha ushairi, Poesie a Casarsa, kilitoka mwaka 1942 kwa Kifriuli, lugha ya upande wa mama. Utawala wa kifashisti haukuzipenda lugha za mikoani, kwa hiyo uteuzi huo wa lugha ulikuwa na uzito wa kisiasa hata kama mshairi wa miaka ishirini hakuukusudia wote. Kitabu kilitabarukiwa kwa baba, na hapa ndipo Afrika Mashariki inapoingia kwa mara ya kwanza katika maisha haya: Carlo Alberto alikuwa mfungwa wa vita mikononi mwa Waingereza nchini Kenya, na huko ndiko kitabu cha mwanawe kilikomfikia. Ofisa aliyeitumikia dola iliyotaka lugha moja anasoma, akiwa kifungoni, mashairi ya mwanawe katika lugha ya mkewe. Tutalihitaji jambo hili mbele.

Mdogo wake, Guido, aliuawa Februari 1945 katika mapigano ya wapiganaji wa msituni waliokuwa wakipinga ufashisti, na waliomuua walikuwa wapiganaji wa mrengo wa kikomunisti. Hata hivyo Pasolini alijiunga na Chama cha Kikomunisti baada ya vita, kisha mwaka 1949 akafukuzwa kutokana na kashfa iliyohusu maisha yake binafsi. Januari 1950 aliondoka Friuli na mama yake, wakahamia Roma karibu mikono mitupu. Alifundisha shule, akaishi kwenye vitongoji duni, akajifunza lugha ya vijana wa huko na kuiandikia riwaya mbili, Ragazzi di vita (1955) na Una vita violenta (1959). Waongozaji wa filamu waliotaka mazungumzo yenye ladha ya mtaa walimtafuta. Federico Fellini alimtumia katika Le notti di Cabiria (1957). Mwaka 1961 aliongoza filamu yake ya kwanza, Accattone.

3.0 Kunguru Aliyeliwa

Italia ya wakati huo ilikuwa na aina yake ya futuhi ya filamu. Mario Monicelli, Dino Risi na Pietro Germi waliwachekesha watazamaji kwa kuwaonesha tamaa, unafiki na uoga wa Mwitalia wa kawaida katika nchi iliyokuwa ikitajirika haraka. Divorzio all'italiana (1961) ya Germi, kwa mfano, inamfuata mwanamume anayepanga kumuua mkewe kwa sababu sheria haimruhusu kumpa talaka. Pasolini hakuwa wa kundi hili. Wao waliicheka tabaka la kati kutoka ndani yake. Yeye alitaka kicheko cha kale zaidi, cha mtu mwenye njaa.

La ricotta (1963), filamu fupi iliyotoka ndani ya mkusanyiko wa waongozaji wanne, inaeleza jambo hilo waziwazi. Kundi la watengenezaji filamu linapiga picha za mateso ya Yesu. Mwongozaji wao, anayeigizwa na Orson Welles, ni msomi aliyejaa maneno. Stracci, maskini anayeigiza mwizi mwema, anawapa watoto wake chakula alichogawiwa, anatafuta kingine, kinaliwa na mbwa wa mwigizaji nyota. Anapopata jibini anaila kwa pupa huku wenzake wakimzunguka na kumcheka, picha zikienda mbio kama za filamu za kimya. Kisha anapandishwa msalabani na kufia hapo kwa kuvimbiwa. Mahakama ilimtia Pasolini hatiani kwa kosa la kudharau dini ya taifa. Mwaka uliofuata alitoa Il Vangelo secondo Matteo (1964), filamu ya Injili ambayo hata waumini wengi waliiheshimu, na ndani yake Maria wa uzeeni aliigizwa na Susanna, mama yake mzazi.

Kilele cha futuhi zake ni Uccellacci e uccellini (1966). Ndani yake yumo Totò, jina la jukwaani la Antonio de Curtis wa Napoli, ambaye uso wake uliopinda na mwili wake uliokwenda kama wa kibaraka viliwachekesha Waitalia kwa miongo. Pembeni yake yupo Ninetto Davoli, kijana asiye na mafunzo ya uigizaji. Baba na mwana wanatembea barabarani bila kujulikana waendako. Kunguru anayezungumza anawafuata, anawahutubia juu ya historia na matabaka, na kuwasimulia kisa cha watawa wawili waliotumwa kuwahubiria mwewe na shomoro. Watawa wanajifunza lugha ya kila ndege, wanafaulu kuwafundisha wote upendo, kisha mwewe anamrukia shomoro na kumla kama kawaida. Safari inaendelea, kunguru haachi kusema. Mwishowe baba na mwana wenye njaa wanamkamata, wanambanika na kumla.

Kunguru huyo ni msomi wa mrengo wa kushoto, na Pasolini hakuficha kwamba alikuwa akijichora mwenyewe. Hapa ndipo ilipo nidhamu ninayoizungumzia. Mtunzi anaweka sauti yake ndani ya kazi, anaipa hoja nzuri, kisha anawaruhusu wasikilizaji wake waichoke. Mwenye kujua anageuzwa kitoweo na wale aliodhani anawaelimisha. Katika tamasha la Cannes la mwaka 1966 Totò alitajwa kwa heshima maalumu kwa uigizaji wake.

Walifanya pamoja filamu nyingine mbili fupi. Katika ya mwisho, Che cosa sono le nuvole? ("Mawingu ni Nini?"), iliyotoka mwaka 1968 baada ya Totò kuwa amefariki Aprili 1967, vibaraka wanaigiza Othello ya Shakespeare. Totò ni Iago, na Davoli, aliyepakwa rangi nyeusi, ni Othello. Watazamaji hawavumilii kuona Desdemona akiuawa. Wanavamia jukwaa na kuwavunja vibaraka wote wawili. Mzoataka anakwenda kuwatupa jaani, na huko, wakiwa wamelala chali, wanayaona mawingu kwa mara ya kwanza. Aishiye Morogoro, ambako Uluguru hushinda umefunikwa na mawingu siku nyingi za mwaka, hahitaji mhakiki amweleze tukio hilo.

Lililo muhimu kwetu ni kwamba kabla ya kuja Tanzania, Pasolini alikuwa ametengeneza kazi ambayo hadhira inakataa hukumu ya tamthilia na kuisimamisha kwa mikono yake.

4.0 Kamera Kigoma, Dar es Salaam na Dodoma

Oresteia haikuwa ngeni kwake. Mwaka 1960 aliitafsiri kwa Kiitaliano kwa ajili ya kundi la maigizo la Vittorio Gassman. Kisa chake kinajulikana. Agamemnon anarudi kutoka vita vya Troya na kuuawa na mkewe, Clytemnestra. Mwana wao, Orestes, anamuua mama ili kulipa kisasi cha baba. Mizimu ya kisasi, yaani Erinyes, inamwandama muuaji wa mama mpaka Athens, ambako mungu wa kike Athena anaunda mahakama ya kwanza ya binadamu. Kura zinalingana, Orestes anaachiwa, na mizimu inashawishiwa kugeuka kuwa Eumenides, walinzi wenye wema wa mji.

Pasolini aliona ndani ya kisa hiki sura ya Afrika iliyotoka kupata uhuru. Kwake Orestes ni kijana Mwafrika anayeondoka katika ulimwengu wa mila, anajifunza taasisi za kidemokrasia, na kurudi nazo nyumbani bila kuiua mizimu yake ya kale. Kwa mtazamo huo anatembea sokoni Kigoma na mitaani Dar es Salaam akiuliza kwa sauti: huyu anaweza kuwa Agamemnon? Yule mwanamke anafaa kuwa Clytemnestra? Miti mikubwa inayotikiswa na upepo inapendekezwa kuwa mizimu ya kisasi. Picha za vita vya Biafra, vilivyokuwa vikiendelea Nigeria, zinasimama badala ya vita vya Troya. Chuo kikuu cha Dar es Salaam kinakuwa hekalu la Apollo, na duka lake la vitabu linampa nafasi ya kutafakari mivuto ya Magharibi na ya China iliyokutana nchini. Kisha, bila maandalizi yoyote, filamu inahamia studio ya Roma, ambako mpiga saksafoni Gato Barbieri na waimbaji wawili Wamarekani weusi wanaimba sehemu za tamthilia kwa mtindo wa jazi.

Msikilizaji wa Kitanzania atautambua upesi mfumo wa sauti wa filamu hii. Picha zinakwenda, watu wanaonekana wakisema lakini hawasikiki, na juu yao mtu mmoja anaeleza kila kitu: nani ni nani, anawaza nini, kitafuata nini. Ndivyo wafanyavyo wafasiri wa filamu za kigeni katika vibanda umiza vyetu, kina Lufufu na waliomfuata. Tofauti ni kwamba Lufufu aliwaeleza Watanzania juu ya watu wa mbali, ilhali Pasolini anawaeleza watu wa mbali juu ya Watanzania. Nikiri kwamba mara ya kwanza nilipoona mpita njia wa Dar es Salaam akiteuliwa kuwa mfalme wa Argos huku yeye akienda zake, nilicheka, na sidhani kama kicheko hicho kilikuwa kosa langu peke yangu.

Inafaa kukumbuka Watanzania wenyewe walikuwa wakifanya nini wakati huohuo. Mwaka 1969 Ebrahim Hussein alichapisha Kinjeketile, tamthilia inayouliza nini hutokea neno la mganga linapogeuka silaha ya watu. Mwaka huohuo Rais Julius Nyerere alichapisha Mabepari wa Venisi, tafsiri yake ya futuhi ya Shakespeare inayotokea Italia, na kwa neno moja la anwani, mabepari, aliivuta Venisi mpaka ndani ya mjadala wa Ujamaa. Mwaka 1971 S. S. Mushi alitoa Mfalme Edipode, tafsiri ya tanzia ya Sophocles. Kwa hiyo wakati Pasolini akitafuta Ugiriki ndani ya nyuso za Watanzania wasiosikika, Watanzania walikuwa wakiisemesha Ugiriki na Italia kwa Kiswahili. Hakuna hata kimoja kati ya haya kinachoonekana ndani ya Appunti, na hilo ni pengo kubwa kuliko kosa lolote la maelezo yake.

Ulinganisho na filamu nyingine ya Kiitaliano unasaidia. Mwaka 1968 Ettore Scola alitoa futuhi yenye anwani ndefu, Riusciranno i nostri eroi a ritrovare l'amico misteriosamente scomparso in Africa?, inayotokea Angola. Tajiri wa Roma, anayeigizwa na Alberto Sordi, anasafiri na mhasibu wake kumtafuta shemeji yake aliyetoweka, na kumkuta amegeuka mganga wa kijiji. Waafrika wa Scola hawana kina, na Angola ya Wareno inabaki pazia la nyuma. Lakini kuna jambo moja ambalo futuhi hiyo inalijua tangu mwanzo: anayestahili kuchekwa ni Mwitalia mwenye kofia ya safari. Pasolini, aliyeijua Afrika kwa moyo zaidi ya Scola, analijua hilo kwa sehemu moja tu ya filamu yake.

5.0 Wanafunzi wa Roma kama Watani

Sehemu hiyo ni mazungumzo na wanafunzi wa Kiafrika katika Chuo Kikuu cha Roma. Pasolini anawaonesha picha alizochukua na kuwauliza maoni yao: je, filamu iwekwe katika Afrika ya mwaka 1960 au ya 1970? Je, wanajiona ndani ya Orestes? Majibu hayakuwa aliyoyatarajia. Anakumbushwa kwamba Afrika ni bara, haiwezi kuzungumziwa kama nchi moja. Neno kabila, analolitumia kwa wepesi, linakataliwa. Mmoja wao anaeleza kwamba ni neno ambalo Mzungu amelitumia kuyapunguza mataifa ya Afrika. Wengine wanasitasita kukubali kwamba jamii zao ziko mahali ilipokuwa Ugiriki ya kale. Pasolini anajitetea, anasikiliza, anajitetea tena. Anaonekana mnyonge kidogo.

Angeweza kulikata tukio hilo. Hakulikata. Aliliweka katikati ya filamu, na baada ya hapo mtazamaji hawezi kuiamini sauti ya msimulizi kama alivyoiamini mwanzo. Kwa maoni ya mwandishi wa makala hii, huyu ni kunguru wa mwaka 1966 amerudi: msomi anahutubia njiani, na wenzake wa safari wanamla. Wahakiki wanaolisoma tukio hili kama kushindwa kwa Pasolini wanasahau nani aliyeshika mkasi wa uhariri.

Jamii za Tanzania zina jina la uhusiano wa namna hii, nalo ni utani. Kwa Waluguru, ambao utani wao ulifafanuliwa na James Boyd Christensen katika makala ya mwaka 1963, koo huunganishwa kwa uhusiano unaoruhusu matusi, dhihaka na kunyang'anyana vitu bila kukasirikiana, lakini pia unaodai wajibu mzito, hasa msibani. Mtani hukejeli maiti mbele ya wafiwa, na mtani huyohuyo ndiye anayeshika shughuli za maziko. Haki ya kumcheka mtu na wajibu wa kumzika havitenganishwi. Wanafunzi wa Roma hawakuwa watani wa Pasolini kwa asili wala kwa ukoo, na hawakumtukana. Ila nafasi aliyowapa ndani ya filamu ni ya mtani: wana ruhusa ya kumwambia mwenye shughuli, mbele ya wageni wake, kwamba amekosea, na shughuli ikaendelea.

Ruhusa hiyo haifiki Dodoma. Karibu na mwisho wa filamu Pasolini anaonesha ngoma ya Wagogo na sherehe ya arusi, na kuzifasiri kama picha ya mizimu ya kisasi ikigeuka kuwa mizimu yenye wema: kile kilichokuwa ibada nzito sasa ni furaha ya watu. Picha ni nzuri mno. Lakini Mgogo hata mmoja haulizwi ngoma ile ni ipi, inachezwa lini na inasema nini. Wanafunzi walipewa neno kwa kuwa walikuwa Roma na walisema Kiitaliano. Wachezaji wa Dodoma walipewa maana. Kunguru ameanza kuhutubia tena, na safari hii hakuna mwenye njaa wa kumnyamazisha.

6.0 Baada ya Tanzania

Oresteia ya Kiafrika iliishia kwenye dondoo, na Pasolini akageukia kicheko kwa ukubwa ambao hakuwahi kuufikia kabla. Il Decameron (1971), I racconti di Canterbury (1972), iliyopata Dubu wa Dhahabu katika tamasha la Berlin, na Il fiore delle Mille e una notte (1974) ni futuhi za mwili, za chakula, ujanja na mapenzi. Ile ya mwisho, ya Alfu Lela u Lela, ilimrudisha upande wetu wa dunia: ilipigwa picha Yemen, Ethiopia, Iran na Nepal, miongoni mwa nchi nyingine. Watazamaji walimiminika, na waigaji wa bei rahisi nao wakafuata. Mwaka 1975 Pasolini alizikana hadharani filamu zote tatu akisema kwamba miili aliyoisifu imekwisha kugeuzwa bidhaa. Salò, filamu yake ya mwisho, haina kicheko cha mtu yeyote isipokuwa cha watesaji. Aliuawa usiku wa kuamkia tarehe 2 Novemba 1975 huko Ostia, pwani ya Roma. Mama yake alikuwa bado hai.

7.0 Kesi ya Orestes Mbele ya Ukoo wa Mama

Tumrudie sasa yule mama. Katika tamthilia ya tatu ya Aeschylus hoja inayomwokoa Orestes si ya demokrasia. Apollo, wakili wake, anadai kwamba mama si mzazi wa mtoto; yeye ni mlezi tu wa mbegu iliyopandwa, na mzazi ni yule aliyepanda. Ushahidi anaoutoa ni Athena, aliyezaliwa na baba pasipo mama. Athena anakubali na kupiga kura upande wa baba. Mizimu ya kisasi ilikuwa na hoja yake, na ilikuwa wazi: Clytemnestra alimuua mume, ambaye hakuwa damu yake, Orestes amemuua aliyemzaa.

Pasolini, katika Appunti, mkazo wake wote upo kwenye mahakama, kura na mageuzi ya mizimu. Hoja ya Apollo juu ya mama haichunguzwi. Kwa mtu aliyeanza ushairi kwa lugha ya mama na kuituma kwa baba aliyefungwa Kenya, kwa mtu aliyemweka mama yake chini ya msalaba mbele ya kamera, ukimya huu unashangaza. Mwandishi wa makala hii hataki kuuingiza uchunguzi wa nafsi mahali pa uhakiki. Anachosema ni kwamba tafsiri ya "kutoka mila kwenda demokrasia" inawezekana tu hoja hiyo ikifichwa, na kwamba kuna mahali Tanzania ambako isingefichika.

Waluguru huhesabu ukoo kwa upande wa mama. Katika kitabu chao cha mwaka 1960 juu ya ardhi na siasa za Waluguru, Roland Young na Henry Fosbrooke wanaeleza kwamba tawi la ukoo huitwa tombo, neno lenye maana ya titi. Jina la Matombo, upande wa mashariki wa milima, linatokana na mzizi huohuo. Kwa kawaida ya zamani ardhi ilikuwa ya ukoo, mjomba alikuwa na sauti kwa watoto wa dada yake, na mume alikuwa mtu wa ukoo mwingine hata akizeeka na mkewe. Ukiisoma kesi ya Orestes kwa kanuni hiyo, mizimu ya kisasi haisemi lugha ya giza linalosubiri kustaarabishwa. Inasema sheria. Kijana aliyemuua mama yake ameukata mzizi wa ukoo wake mwenyewe, na Agamemnon, pamoja na ukuu wake wote, ni mkwe.

Tahadhari inahitajika hapa ili tusirudie kosa tunalolikosoa. Uluguru wa leo si makumbusho ya ukoo wa mama. Uislamu na Ukristo vina karne na zaidi milimani, sheria ya nchi ina kauli yake juu ya mirathi na ardhi, watoto wengi hurithi kwa baba, na vijana wa Mgeta au Kinole wanaouza mboga Dar es Salaam hawaamki asubuhi wakiwa mashahidi wa Aeschylus. Kuwachukua na kuwavika joho la Erinyes kungekuwa Dodoma kwa mara ya pili. Jambo linalodaiwa ni dogo zaidi: kwamba mjadala wa nani mzazi, nani mrithi na ukoo ni wa nani unaendelea hapa kati ya watu wazima wenye hoja, kwenye mabaraza ya ardhi na kwenye vikao vya familia, na kwamba tamthilia ya Kigiriki ikiletwa Uluguru italazimika kuketi katika kikao hicho kama msemaji mmoja miongoni mwa wengine.

Jaribio rahisi la jambo hili ni la kiisimu, na mfasiri yeyote wa baadaye wa Oresteia kwa Kiswahili atakumbana nalo. Kigiriki cha Apollo kinategemea tofauti kati ya anayezalisha na anayelea. Kitenzi chetu -zaa hakiitambui tofauti hiyo. Baba huzaa, mama huzaa. Mzazi ni yeyote kati yao, na katika matumizi ya kila siku, tukisema "mzazi" wodini au "chakula cha mzazi", tunamaanisha mwanamke aliyetoka kujifungua. Mfasiri akiandika kwa uaminifu kwamba "mama si mzazi", mwigizaji wa Apollo atalazimika kuitamka sentensi hiyo kwa uso mkavu mbele ya ukumbi wa Morogoro wenye akina mama na watani wao. Pasolini wa mwaka 1968, yule wa vibaraka na jaa la taka, angejua la kufanya na kicheko kitakachofuata. Angewaacha watazamaji wapande jukwaani.